Jibu: Kwa nini A 1.10 inakaa baada ya A 1.9?

Ndugu, umeuliza mambo mawili kuhusu machapisho ya serikali ya Marekani mliyopewa maktabani, yanayopangwa kwa namba za mfumo wa SuDoc: kwa nini namba A 1.10 ikae baada ya A 1.9, na kwa nini taarifa za hali ya hewa ziko rafu mbili tofauti.

La kwanza ni jepesi. Ile nukta si ya desimali kama kwenye Dewey, mfumo wa kawaida wa maktaba unaopanga vitabu kwa mada. Namba inayoifuata ni namba kamili, kwa hiyo 9 inatangulia 10. Angalia na miaka: machapisho ya kabla ya 2000 huandikwa 994 badala ya 1994. Ukidhani ni namba ya toleo, rafu nzima itavurugika.

La pili ndilo kiini cha mfumo wenyewe. Adelaide Hasse, mkutubi aliyeweka msingi wake miaka ya 1890, hakupanga kwa mada. Alipanga kwa ofisi iliyotoa chapisho. A ni Wizara ya Kilimo, C ni Biashara. Idara ya Hali ya Hewa ilikuwa chini ya Kilimo, namba A 29. Mwaka 1940 ikahamishiwa Biashara, ikawa C 30, na machapisho ya zamani yakabaki na namba zake.

Nakusihi sana usiyavunje ukayapeleka Dewey. Mtafiti anayefuatilia idara moja atakuta machapisho ya idara hiyo yametawanyika jengo zima. Weka kibao mwisho wa A 29: "Endelea C 30." Utafutaji kwa mada uachie katalogi.