Zima muziki kwanza

Nyinyi mnaoanza kutungia muziki wa filamu na televisheni hapa Mombasa, nawaeleza jambo nililojifunza kwa machungu. Katika tamthilia yangu ya kwanza nilipewa sini ya mama na bintiye wakizungumza barazani, Mji wa Kale. Kwa furaha ya kupata kazi nikaijaza nzumari, chapuo, msondo, na makofi ya chakacha juu yake. Siku ya kusikiliza, mhariri wa sauti alikuwa ameushusha muziki wangu hata hausikiki, kwa sababu maneno ya yule mama hayakuwa yakieleweka. Niliumia, lakini alifanya haki.

Zile s, t na k zinazotutambulisha neno, nguvu yake iko juu, kwenye kilohezi 2 hadi 4 na zaidi, na nzumari nayo hulia kwa ukali huko huko. Vikikutana, mtazamaji hapati hiki wala kile. Udi ukipigwa nyuzi za chini hupita chini ya maneno bila kuyagusa. Kwa hivyo zima muziki, itazame sini mara tatu nne, uandike wanaposema na wanaponyamaza. Nzumari ingoje pale binti anapoinuka akaenda zake bila kujibu. Na jiulize kama hapo pana haja ya muziki hata kidogo: honi ya feri ya Likoni au adhana ya magharibi huenda imeshamaliza kazi.

Mitambo haina maneno mengi. Rekodi kwa kilohezi 48 (hapa ni mara ngapi sauti hupimwa kwa sekunde, si ukali wake), si 44.1 ya CD, na uulize mapema picha ina fremu ngapi kwa sekunde. Televisheni yetu ni 25, sinema nyingi ni 24; ukichanganya, ngoma itapigwa mlango ukiwa umeshafungwa.

Karatasi ndiyo ninayowasihi zaidi. Kwa Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001, kazi ya kuagizwa huhesabiwa kuwa haki yake imehamia kwa aliyeiagiza, ila mkiwa mmekubaliana vingine. Msiishie kwenye ahadi za kahawani. Andikeni na mtie sahihi kabla ya noti ya kwanza. Kisha mpe mtayarishaji orodha ya kila kipande, mtunzi wake na urefu wake kwa sekunde, maana mirabaha, yaani malipo ya mtunzi kazi yake inapochezwa, hugawanywa kwa kuitazama hiyo. Na mzee aliyevuka kutoka Kisauni kuja kukupigia udi, jina lake litokee mwishoni mwa filamu pamoja na lako, na ujira wake aupate kabla hajatoka studio.