Maswali na majibu: "Gram negativu" haina maana kwamba huna kitu

Wiki iliyopita niligusia juu juu tu lile neno Gram negativu linaloandikwa kwenye majibu ya maabara, nikajua limepita, kumbe nimechokoza nyuki. Meseji zimeingia mpaka simu inapata moto. Niseme tena kabla sijaanza, mimi ni mtu wa maabara, sio daktari, kwahiyo mnaoniita dokta asanteni kwa kunipandisha cheo ila dawa siandiki. Haya twende.

"Kaka mambo. Nilipeleka mkojo wakauotesha, karatasi imeandikwa Gram negativu rodi, chini yake E. coli. Mume wangu kaisoma kasema sasa si negativu hii, hela ya dawa ya nini? Na mimi nikikojoa bado naungua. Nani yuko sahihi?" (Dada wa Mbagala)

Wewe dada. Shemeji kasoma neno moja kayaacha mengine yote, na simlaumu sana maana hapa mjini neno negativu limeshazoeleka kwenye vipimo vya ukimwi, malaria na mimba, mtu akilisikia tu anashusha pumzi anapiga simu nyumbani. Kwenye Gram, yaani kipimo cha kupaka bakteria rangi, mambo ni mengine. Pale negativu sio jibu la ndio au hapana, ni jina la rangi basi. Maana yake bakteria WAMEONEKANA, wakapakwa rangi, wakatoka pinki. Wangetoka zambarau ungeandikiwa Gram positivu, na wangekosekana kabisa ungeandikiwa hakuna bakteria walioonekana au hakuna kilichoota (kuotesha ni kuwalisha bakteria wazaliane mpaka waonekane). Rodi ni umbo, wako kama vijiti. Halafu E. coli ndio jina lake mhusika, na huyo ndio kinara wa kusababisha UTI duniani kote. Hiyo karatasi irudishe kwa daktari nzima nzima, hasa pale kwenye orodha ya dawa zenye S na R pembeni. S dawa inamuweza, R kashaizoea. Shemeji mwambie nimemsalimia.

"Anko hizo gram ni gramu ngapi sasa? Yaani wanawapima uzito hao bakteria?" (Tabata)

Nimecheka peke yangu kwenye mwendokasi mpaka jirani akanihamia siti. Hapana mdogo wangu, Gram ni jina la mtu. Hans Christian Gram, daktari wa Denmark, kazaliwa Copenhagen 1853. Mwaka 1884 alikuwa Berlin, anahangaika na vipande vya mapafu ya watu waliokufa kwa nimonia, anachotafuta ni namna ya kupaka rangi bakteria waonekane wasipotelee kwenye nyama ya pafu. Hakukaa chini akasema ngoja niwagawe bakteria wa dunia makundi mawili. Aligundua tu kwamba kuna wanaong'ang'ania rangi na wengine wanaiachia, tena alipoitoa hiyo njia aliandika mwenyewe kwamba anajua ina kasoro ila anatumaini wenzake itawafaa. Hata hiyo pinki wengine ndio waliiongeza baadae. Leo zaidi ya miaka 140 imepita na ndio kitu cha kwanza mwanafunzi wa maabara anafundishwa. Huyo ndio mtu aliyejisema kazi yangu haijakamilika.

"Niko field, msimamizi kila siku ananikosoa. Naandika G kubwa au ndogo? Na kwa kiswahili ni hasi au negativu?" (Mwanafunzi, Muhimbili huku)

Ukiongelea kipimo chenyewe, yaani kupaka rangi ya Gram, G kubwa haina mjadala, jina la mtu lile. Ugomvi uko kwenye hilo la negativu na positivu. CDC ya Marekani, wale wa kudhibiti magonjwa, kipimo wanakiandika kwa G kubwa, ila wakisema bakteria ni gram negativu wanashusha g ndogo, wanasema hapo limeshakuwa neno la kueleza sifa. Wengine wanabaki na kubwa kote. Mimi kwa kiswahili nakushauri G kubwa kote, kwa sababu moja tu, ukiweka ndogo kwetu sisi inageuka gramu ya sukari, si umemsikia huyo wa Tabata hapo juu. Hasi na chanya ni sahihi na vitabuni zipo, ila kwenye benchi la maabara sijawahi kusikia mtu anapaza sauti "jamani nimepata Gram hasi". Andika anavyotaka msimamizi wako, umalize field uondoke.

"Hivi inakuwaje bakteria mmoja aing'ang'anie rangi mwingine aiachie wakati wote wamepakwa sawa?" (Sinza)

Hili ndio swali nililokuwa nalisubiria. Chukua chai ya rangi mwagia godoro, alafu mwagia na kanga. Suuza vyote. Kanga inatoka, godoro utahangaika nalo mpaka uhame nyumba. Bakteria wa Gram positivu ana ukuta mnene, kitu kinaitwa peptidoglaikani, tabaka juu ya tabaka, nanomita 20 mpaka 80 hivi. Ndio godoro. Wa Gram negativu anao huo huo ukuta lakini mwembamba sana, na juu yake kavaa koti lingine la mafuta mafuta.

Sasa sisi tunafanya hivi. Unapaka sampuli kwenye slaidi, nyembamba, iache ikauke, unaipitisha juu ya moto ishike. Unamwaga zambarau, dakika moja. Hiyo zambarau usiione ya ajabu, ni jivii ile ile waliyokuwa wanatupaka mdomoni tukiwa watoto tukitoka utando mweupe. Unasuuza, unamwaga ayodini dakika moja, hii inaungana na ile zambarau kule ndani zinakuwa donge kubwa ambalo halitoki kirahisi. Mpaka hapo wote ni zambarau, hujui yupi ni yupi. Alafu ndio inakuja spiriti, na hapa ndio pana kazi, maana spiriti inayeyusha lile koti la mafuta la negativu na donge linachoropoka kupitia ukuta mwembamba, lakini yule wa ukuta mnene spiriti inamkausha anajibana, donge linafungiwa ndani. Mwisho unamwaga safranini ya pinki, aliyebaki mtupu anaivaa, mwenye zambarau yake haimbadilishi kitu. Tone la mafuta, lenzi ya mia, unachungulia kitu kimekuzwa mara 1000.

Spiriti ni sekunde chache tu, unainamisha slaidi unaangalia tone linalodondoka kwenye sinki, likiacha kutoka na rangi unasuuza hapo hapo. Mimi nikiwa mwanafunzi niliimwaga huku napiga stori za Simba na Yanga, stori ikanoga. Ilikuwa usaha wa jipu. Nikachungulia nikaona viduara vimejazana kama kichala cha zabibu, pinki tupu, nikaandika Gram negativu kwa mwandiko mzuri kabisa. Mzee wa benchi akaja akaangalia, akaniuliza taratibu, "hawa wa kwako umewatoa wapi?" Mkao ule wa zabibu kwenye usaha kila mtu pale anajua ni Stafilokokasi, na Stafilokokasi ni zambarau toka dunia iumbwe. Nilikuwa nimewavua rangi wote. Akanirudisha mwanzo, tena pembeni kaniwekea slaidi mbili za bakteria wanaojulikana, mmoja positivu mmoja negativu, akasema hizo zikitoka vibaya na ya mgonjwa usiisome. Mpaka leo nikishika spiriti siongei na mtu.

"Mwanangu, kati ya hao positivu na negativu wepi wabaya zaidi?" (Mama wa Kigamboni)

Shikamoo mama. Ubaya hauendi kwa rangi. Pepopunda na kimeta ni positivu, na hayo unayajua yanavyoua. Kipindupindu, taifodi, kisonono na tauni ni negativu. Na hapo hapo tumboni mwako kuna hao hao negativu kibao umeishi nao miaka yote hamjagombana. Ila kweli upande wa dawa hawa negativu wanasumbua zaidi kwa sababu ya lile koti la nje, kuna dawa haipenyi kabisa. Mfano vankomaisini, dawa nzuri sana kwa positivu wengi, kwa negativu ni kubwa mno haipiti, inaishia mlangoni. Na mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani lilipotoa orodha ya bakteria wanaohitaji dawa mpya haraka, wale wa kundi la juu kabisa kwa uharaka walikuwa Gram negativu watupu.

"Nikienda duka la dawa nikasema nina Gram negativu, si watanipa dawa yake tu?" (Temeke)

Ni sawa na kwenda polisi useme nimeibiwa Kariakoo na mtu wa shati la pinki. Watakamata nani? Daktari anaanza na hayo majibu ya rangi kwa sababu yanatoka mapema, kupaka na kusoma slaidi hata nusu saa haifiki, wakati kuotesha ni siku moja mpaka tatu na mgonjwa mwingine hawezi kusubiri. Ila yeye anajua sampuli imetoka wapi, mgonjwa ana hali gani, na hospitali yake bakteria gani wanasumbua. Wewe una shati la pinki tu.

"Dogo alikohoa wiki nyingi, makohozi yakapakwa Gram wakasema hamna cha maana, baadae ikaonekana ni TB. Si walikosea hao?" (Gongo la Mboto)

Kwa hilo tu, sio lazima. Kimelea cha TB ukuta wake una nta nyingi, rangi za Gram haziingii vizuri, anaweza kuwepo usimuone. Yeye ana kipimo chake kinaitwa Ziehl-Neelsen, anatoka mwekundu kwenye uwanja wa bluu, na siku hizi kuna mashine ya GeneXpert inatafuta vinasaba vyake moja kwa moja. Cha kuuliza ni kama makohozi yaliombewa kipimo cha TB toka mwanzo. Kikohozi cha wiki mbili na kuendelea omba kipimo cha TB kwa jina. Kaswende nayo kwa Gram usiitegemee, bakteria wake ni mwembamba mno, kwahiyo tunapima damu.

"Na fangasi ni Gram nini?" (hakuandika anakaa wapi)

Wale wa hamira hamira kama Kandida wanatoka zambarau, ila hatuwaiti bakteria wa Gram positivu. Tunaandika tu tumeona fangasi, basi.

"Kwenye picha yako ya wiki iliyopita kidole kina zambarau, ulipiga kura wapi?" (Ubungo)

Jivii hiyo kaka, chupa ilivuja. Limau nimejaribu, jiki nimejaribu, leo siku ya tano bado ipo.