Falme Tatu au Dola Tatu? Na mishale ya Zhuge Liang: "aliazima" au "inasemekana aliazima"?

SWALI: Naandaa masimulizi ya redio kwa Kiswahili kuhusu Cao Cao, Liu Bei, Sun Quan, Zhuge Liang na wenzao wa China ya kale. Mwenzangu anayenihariri amenipinga mahali patatu. Nimeandika "Falme Tatu", yeye anataka "Dola Tatu". Nimeandika "Wei iliivamia Shu", yeye anataka "Wei waliwavamia Shu". Na pale nilipoandika "Zhuge Liang aliazima mishale laki moja kwa adui", anasema lazima nianze na "inasemekana", tena katika kila sentensi ya kisa hicho. Nani kati yetu yuko sahihi? Nimekuambatishia kurasa za mwanzo.

JIBU: La kwanza umeshinda wewe. La pili mko sahihi nyote wawili. La tatu mwenzako ameona tatizo la kweli, ila dawa aliyoitoa siyo. Hilo ndilo zito, na nitakaa nalo zaidi.

Kwa Kichina zama hizo, za Wei ya kaskazini, Shu ya Liu Bei na Wu ya Sun Quan, huitwa Sanguo: san ni tatu, guo ni nchi au dola. Ukilitazama neno peke yake, basi, mwenzako ana hoja. Lakini katika Kiswahili dola ya utawala na dola ya fedha huandikwa na kutamkwa sawa, na zote mbili hazibadiliki umbo zikiwa nyingi. Msikilizaji aliyefungua redio katikati ya kipindi akasikia "vita vya dola tatu" atashangaa watu wanauana kwa fedha kidogo namna hiyo. Mkilazimika kulitumia neno hilo, lipelekeni kwenye ngeli ya LI-YA: madola matatu, kama tunavyosema madola makubwa. Vivyo hivyo kwa zama zilizotangulia, kati ya mwaka 475 na 221 KK, Qin ilipokuwa ikipambana na wapinzani wake sita hadi ikawameza wote: "madola yaliyopigana" inaeleweka vizuri, "dola zilizopigana" inababaisha.

Dhidi ya "Falme Tatu" mtu anaweza kusema kwamba watawala wale hawakujiita wafalme wa kawaida. Ni kweli, lakini Kiswahili hakidai hivyo. Tunasema Umoja wa Falme za Kiarabu kila siku, na watawala wa kule si wafalme, wala hakuna anayepotea. Shikilia "Falme Tatu". Chunga upatanisho tu, maana ukurasa wa pili una "ufalme tatu hizo". Ni ufalme mmoja ulioanguka, falme tatu zilizoanguka.

Kinachonisumbua zaidi ni neno "mfalme" lenyewe, ambalo umemvika kila mtu. Umeandika kwamba mwaka 208, kwenye vita vya Chibi, yaani Majabali Mekundu, "mfalme wa Wei, Cao Cao" alichomewa merikebu zake. Mwaka huo hapakuwa na ufalme wa Wei wala Cao Cao hakuwa mfalme. Alikuwa waziri mkuu wa nasaba ya Han, akitawala kwa jina la mfalme mkuu Xian aliyekuwa mikononi mwake. Cheo cha wang, ambacho ndicho hasa "mfalme", alikipata mwaka 216, na hata hapo juu yake palikuwa na mwingine. Alikufa mwaka 220 akiwa na cheo hicho hicho. Mwanawe, Cao Pi, ndiye aliyemwondoa Xian mwaka huohuo na kujitangaza huangdi, yaani mfalme mkuu, wa Wei. Liu Bei akafuata mwaka 221 kule Chengdu, na Sun Quan mwaka 229. Kila mmoja alidai kwamba yeye peke yake ndiye mtawala halali wa China nzima, na bila kuujua mvutano huo msikilizaji hataelewa kwa nini Liu Bei, mtu wa ukoo wa Han, hakuweza kukaa kimya Xian alipovuliwa kiti.

Kwa hiyo unahitaji maneno mawili. Wang mwite "mfalme", huangdi mwite "mfalme mkuu". Wapo wanaopendelea "kaizari", mimi sikushauri. Sikio la Mswahili likisikia Kaizari linakwenda kwa Wajerumani, na likisikia Kaisari linakwenda Roma kupitia Biblia. Ukitumia jozi yangu, sentensi moja tu inamaliza kazi: Cao Cao alikuwa mfalme, hakuwahi kuwa mfalme mkuu, na cheo hicho alipewa na mwanawe baada ya kufa.

Kuhusu "Wei iliivamia" na "Wei waliwavamia" sina maneno mengi. Sikiliza watangazaji wa mpira: "Yanga imefungwa", "Yanga wamefungwa". Ukiwaza klabu unasema i-, ukiwaza wachezaji unasema wa-. Jina la nchi nalo ni hivyo hivyo. Wei kama dola ilitawala kaskazini, Wei kama watu walivuka milima. Ubaya ni kuchanganya ndani ya sentensi moja, kama ulivyofanya hapa: "Wei iliivamia Shu mwaka 263 na wakapita njia ya milimani." Nani wakapita? Mtaje mtu, na tatizo linakwisha: "Wei iliivamia Shu mwaka 263. Jemadari wake Deng Ai aliwapitisha askari njia ngumu ya milimani, akatokea upande ambao haukutazamiwa, na Liu Shan, mwana wa Liu Bei, akasalimu amri."

Sasa mishale. Mwenzako ana haki ya kuogopa. Watu wa zama hizi wako katika vitabu viwili vikubwa. Kimoja ni historia ya Chen Shou, aliyezaliwa Shu mwaka 233, akashuhudia ufalme wake ukianguka na baadaye akawaandikia Jin, nasaba iliyoziunganisha falme zote mwaka 280. Kingine ni riwaya ya karne ya 14 inayohusishwa na Luo Guanzhong, iliyoandikwa zaidi ya miaka elfu moja baadaye. Watu walewale, mito ileile, vita vilevile. Ndiyo maana mtu anayewajua kwa tamthilia tu hawezi kutambua mahali historia ilipoishia na riwaya ilipoanzia, na kitambulisho cha wakati -li- hakimsaidii. "Alikufa mwaka 234" na "aliazima mishale laki moja" yana -li- ileile, na yote mawili yanadai kwamba wewe msimulizi unathibitisha.

Lakini "inasemekana" haifai, kwa sababu inaficha msemaji. Tunaitumia pale ambapo habari imezagaa na hajulikani nani aliianzisha: inasemekana alihama, inasemekana wana mgogoro. Hapa aliyesema anajulikana vizuri, ni mwandishi wa riwaya, na hakuna sababu ya kumfanya uvumi. "Eti" na "ati" ni mbaya zaidi, maana zinamdhihaki. Riwaya ile ni kazi kubwa ya sanaa na haikustahili kubezwa kwa kuwa si kumbukumbu za mahakamani. Mtaje msemaji waziwazi: riwaya inasimulia kwamba.

Ukishamtaja, huna haja ya kurudia. Hapa ndipo Kiswahili kinapokubeba kwa kitambulisho -ka-. Kitenzi chenye -ka- hakisimami peke yake, kinafuata kilichotangulia na kuurithi msimamo wake. Ukifungua kwa maneno ya riwaya, kila -ka- itakayofuata itabaki ndani ya riwaya. Bibi zetu walilijua hili bila kufundishwa. Akishasema "Paukwa!" na watoto wakaitika "Pakawa!", hakuna aliyemtaka aseme "inasemekana" kila sungura anapofungua mdomo. Kisa chako kingekuwa hivi:

"Riwaya inasimulia kwamba Zhou Yu, jemadari wa Sun Quan, alimtaka Zhuge Liang, mshauri wa Liu Bei, alete mishale laki moja ndani ya siku kumi. Zhuge Liang akajibu kwamba siku tatu zinatosha. Akaomba mashua ishirini, akazipangia mafungu ya nyasi kavu pande zote mbili, na alfajiri ya siku ya tatu, ukungu ukiwa umetanda mtoni, akaamuru zisogezwe hadi mbele ya kambi ya Cao Cao na ngoma zipigwe. Cao Cao asione kitu, akaogopa kulitoa jeshi, akawaamuru wapiga mishale wapige tu gizani. Jua lilipochomoza mashua zikageuka kurudi, nyasi zimejaa mishale."

Hakuna "inasemekana" hata moja, na hakuna msikilizaji atakayedanganyika. Kazi inayobaki ni kutoka nje ya riwaya, na hapo lazima umtaje msemaji mpya kisha urudi kwenye -li-: "Chen Shou hana habari hiyo. Lakini Pei Songzhi, aliyekamilisha maelezo yake juu ya historia ya Chen Shou mwaka 429, alinukuu kisa kinachomhusu Sun Quan. Mwaka 213 Sun Quan alikwenda kwa merikebu kubwa kuichungulia kambi ya Cao Cao. Mishale ilichoma ubavu mmoja wa merikebu hadi ikalalia upande. Akaamuru igeuzwe, ubavu wa pili nao ukapokea mishale, merikebu ikakaa sawa, akarudi zake." Sikiliza kinachotokea. Mishale ni ileile, ujanja unafanana, mwenyewe ni mwingine na mwaka ni mwingine. Mimi naona kipindi chako kitanoga zaidi ukiviweka visa hivi viwili bega kwa bega kuliko ukisimulia kimoja na kukinyamazia cha pili.

Na kwa kuwa tuko hapo, "aliazima" uliichagua vizuri, usikubali ibadilishwe kuwa "alikopa". Ukikopa unarudisha mfano wa ulichochukua, ukiazima unarudisha kilekile. Mishale ya Cao Cao ilikusudiwa kumrudia yeye mwenyewe, hewani.

Kanuni hiyohiyo iende na visa vyako vingine. Kwamba Guan Yu, shujaa wa Liu Bei, alitoka, akarudi na kichwa cha Hua Xiong, jemadari wa adui, kabla kikombe cha pombe hakijapoa, ni riwaya inayosimulia. Kwa Chen Shou waliomuua Hua Xiong ni jeshi la Sun Jian, baba yake Sun Quan. Kiapo cha udugu katika bustani ya mipichi nacho ni cha riwaya, ila kina mzizi: Chen Shou ameandika kwamba Liu Bei alilala kitanda kimoja na Guan Yu na Zhang Fei na kuwapenda kama ndugu. Diaochan, mrembo aliyewagombanisha Dong Zhuo, jemadari aliyeishika serikali ya Han, na Lü Bu, askari wake, usimwite "mwanamke maarufu wa historia". Mwite mhusika. Lü Bu alimuua Dong Zhuo kweli, mwaka 192, lakini Diaochan ni wa wasimulizi. Na ukitaka jina la jumla la visa vya namna hii, usiseme "ngano", kwa sababu watu hawa waliishi. Fasihi simulizi inaviita mighani, au visakale, kundi lilelile tunalomweka Fumo Liyongo.

Majina hukuniuliza, ila siwezi kuyaacha. Umeandika "Liang akamwambia Yu". Yu yupi? Zhou Yu na Guan Yu wote wamo katika simulizi yako. Wachina hutanguliza jina la ukoo, na kwa kawaida ukoo una silabi moja: Cao, Liu, Sun, Guan. Zhuge na Sima ni koo za silabi mbili, kwa hiyo Zhuge Liang ukimfupisha ni Zhuge, na Sima Yi, jemadari wa Wei, ni Sima, ingawa huyu wa mwisho ana wanawe na mjukuu wake Sima Yan humohumo. Taja jina zima kila mara. Ni maneno mawili tu, hayachoshi. Kongming ni jina la heshima la Zhuge Liang, lile mtu alilopewa utu uzima ili wenzake wasimwite kwa jina la utotoni. Lieleze mara moja, kisha liache, la sivyo wasikilizaji watamtafuta mtu wa pili. Tahajia ibaki ya Kichina, usiandike "Kao Kao". Kwa mtangazaji peke yake, andika pembeni matamshi: Cao inakaribia "tsao", Zhuge "juge" yenye g ya gari, Qin "chin".

La mwisho ni Guan Yu, kwa kuwa umeanza naye kwa "inasemekana Guan Yu ni mungu". Mtenganishe kwa nyakati. Maisha yake yapewe -li-: alimtumikia Liu Bei, alitekwa na jeshi la Sun Quan, aliuawa mwanzoni mwa mwaka 220. Heshima anayopewa leo ipewe hu-, kwa sababu ni desturi inayoendelea: Wachina wengi humwekea sanamu yenye uso mwekundu, humfukizia ubani, na wafanyabiashara humwomba awalindie mali. Hapo hakuna cha kusemekana, mahekalu yake yapo na watu huingia.