Wimbo aliokutumia huimbiwa mume

Swali: Shikamoo Shangazi. Mimi ni mama wa watoto watatu, naishi Tanga, ndoa yangu ina miaka 14. Mume wangu ni fundi wa friji. Si mtu mbaya, hanywi wala hanipigi, ila hana mapenzi. Akirudi anaoga, anakula, analala. Hata mwaka jana nilipofanyiwa upasuaji wa uvimbe alilala siku nne kwenye benchi nje ya wodi, lakini neno la mapenzi hakuniambia. Sasa ni mwezi wa tatu tangu nikutane mtandaoni na kijana tuliyependana kabla sijaolewa, wazazi wakatutenganisha. Yuko Dar es Salaam. Tunasalimiana tu. Alinitumia filamu ya Kihindi ya Dil Ek Mandir, ile ya zamani isiyo na rangi aliyokuwa akiipenda mama yangu, na kila usiku hunirushia ule wimbo wa kuusihi usiku usimame. Maneno siyajui, ila nalia. Yule mke wa kwenye filamu, Sita, ni mimi, Shangazi: niko kwa mume, moyo uko kwingine. Ananiomba Ijumaa nipande basi tuonane mara moja tu. Namba yake nimeiandika kwa jina la fundi cherehani kuepusha maneno. Je, ni dhambi kuusikiliza moyo?
Sita wa Tanga

Jibu: Marahaba mwanangu. Pole kwa upasuaji, na Mungu ashukuriwe kwamba umepona. Pole yangu inaishia hapo, maana barua yako nimeisoma mara mbili. Mara ya kwanza nilisoma ulichokiandika. Mara ya pili nikasoma ulichokipita mbiombio.

Siku nne kwenye benchi. Umezitia katikati ya malalamiko kana kwamba ni kitu kidogo. Mimi nimewahi kuuguza, yale mabenchi ya nje ya wodi nayajua. Ni membamba, mtu mzima hawezi kunyoosha miguu, mbu hawana huruma, na mlinzi anapita usiku kukuamsha akuulize unamsubiri nani. Fundi wa friji asipokwenda kazini hana anayemlipa, kwa hiyo siku nne zile hakuingiza hata shilingi. Na bado unaniambia hana mapenzi. Ulitaka yaje na tarumbeta?

Halafu unasema mnasalimiana tu. Mtu anayesalimiwa haandikwi jina la fundi cherehani. Ulipokaa ukachagua jina la kumfichia, ulikuwa umeshalijibu swali lako mwenyewe, wala hukuwa na haja ya kuniandikia. Umeniandikia ili nikupe ruhusa. Sikupi.

Sasa tuje kwenye filamu, maana umeitia kama shahidi wako na huyo shahidi anasema mengine kabisa. Dil Ek Mandir ni ya mwaka 1963. Aliiongoza C. V. Sridhar, ambaye mwaka mmoja nyuma yake alikuwa amekitengeneza kisa hichohicho kwa Kitamil. Sita ni Meena Kumari. Mumewe, Ram, ni Raaj Kumar, na amelazwa kwa saratani. Daktari wa hospitali ile, Dharmesh, ni Rajendra Kumar, na ndiye aliyependana na Sita kabla ya ndoa. Mpaka hapo naona ulivyojiona. Lakini uliangalia machozi hukuangalia vitendo.

Sita alipokutana na Dharmesh hakutafuta kichochoro cha kuonana naye. Hofu yake ilikuwa moja tu: daktari huyu asije akamwachia mume wangu afe ili anipate mimi. Na yule Dharmesh alifanya nini? Alijimaliza kwa kazi usiku na mchana ili mume wa mwanamke anayempenda apone. Upasuaji ukafaulu, Ram akaishi, na daktari mwenyewe akafa kwa uchovu. Haya, niambie wewe, huyo bwana wa Dar amefanya lipi kwa ajili ya nyumba yako? Mwaka jana ulipokuwa umelala wodini alikuwa wapi? Dharmesh alitoa uhai wake ndoa ile isimame. Huyu wako anataka upande basi.

Mwenye mapenzi makubwa kuliko wote mle ndani ni Ram, yule mgonjwa. Alipokuja kujua habari za mkewe na daktari hakumtukana mtu. Alimwambia mkewe kwamba akifa, aolewe na Dharmesh. Anakufa, na bado anawaza nani atamtunza mkewe. Watoto wa leo mnaitazama filamu ile mnamwona daktari tu kwa sababu ndiye mwenye majonzi ya kupendeza.

Na wimbo. Hapa ndipo nilipoiweka barua yako chini nikasimama. Ule wimbo anaokurushia kila usiku, ulioimbwa na Lata Mangeshkar, Sita hamwimbii daktari. Anamwimbia mumewe! Ni usiku wa kuamkia upasuaji, Ram ameomba amwone mkewe tena kama bibi harusi, naye amejipamba, anausihi usiku usiishe na mwezi usiondoke, maana kukicha mume anaingia chumba cha kisu na huenda asitoke. Wimbo wa mke anayeogopa kufiwa na mumewe ndio umegeuzwa chambo cha kukutoa kwa mumeo. Daktari anao wimbo wake, ule wa Mohammed Rafi wa kumbukumbu za siku zilizopita zisizotoka moyoni. Aliuimba kwa majonzi yake mwenyewe, hakumrushia mke wa mtu usiku wa manane.

Sikulaumu kwa kutojua maneno. Watu wa pwani nyimbo za Kihindi tumezipenda kwa mahadhi tangu zamani. Marehemu Juma Bhalo, mwimbaji wa taarabu wa Mombasa, aliyachukua mahadhi hayo akayatilia mashairi ya Kiswahili, nasi tukayaimba harusini kama yetu. Mimi nilipelekwa sinema ya Majestic, pale Vuga, Unguja, nikiwa mtoto, nimekaa baina ya mama na shangazi zangu, wote na vitambaa vyao mkononi. Sikufahamu neno la Kihindi, lakini nilifahamu nani anamlilia nani, kwa sababu mama alikuwa ananinong'oneza: "Huyo mumewe, huyo. Tazama anavyomwangalia." Mama yako naye alikuwa akiipenda filamu hii, umesema mwenyewe. Kama yu hai, mpigie simu umuulize alikuwa akimlilia nani. Sidhani kama atakujibu daktari.

Hao mama zetu walilia ukumbini mpaka kanga zikalowa, taa zikawaka, wakajifuta, wakarudi nyumbani kupika. Walikuwa na watu wao waliowapenda zamani, msidhani hawakuwa nao. Ila mtu wa zamani alikuwa ameshaoa Pemba au amepanda jahazi, na kumbukumbu yake inakujia mara moja kwa mwaka, pengine kwa harufu ya asumini. Ninyi wa zamani wenu mnalala nao chini ya mto, wameandikwa majina ya mafundi. Mume amechoka, ana harufu ya gesi ya friji, anakoroma. Yule wa kwenye simu hakoromi, haumwi, hadaiwi ada ya shule, na kila siku ana neno jipya. Mume gani atashindana na mtu asiye na mwili? Barua zinazonijia nyingi ni za namna hii, wake kwa waume, na karibu wote wananiandikia neno moja: moyo. Hakuna anayeandika kwamba amekaa na mwenziwe akamwambia, "Fulani, nina upweke ndani ya nyumba hii." Hilo ndilo zito, ndiyo maana watu wanapanda mabasi. Wahenga walisema usiache mbachao kwa msala upitao, na wewe huo msala hujajua hata kama ni wa nani. Hukuniandikia kama ameoa. Miezi mitatu mnazungumza kila usiku na hujui? Au unajua, hukutaka nijue mimi?

Mumeo naye ana lake, sikatai. Kunyamaza miaka 14 ni kosa, na mke si friji kwamba ukishaitengeneza unaiacha ijiendeshe. Lakini kosa la mtu asiyejua kusema linatengenezeka. Kosa la kwenda Dar Ijumaa likishatendeka sina dawa yake.

Kwa hiyo futa namba hiyo leo, kabla ya magharibi, usimwandikie kwaheri wala maelezo, maana kwaheri itazaa mazungumzo mengine. Usiku watoto wakilala, iweke filamu hiyohiyo, mwite mumeo mkae pamoja, hata kama atasinzia kidogo. Mtakapofika kwenye wimbo ule, mweleze anayeimbiwa ni nani na kesho yake kuna nini. Kisha muulize zile siku nne pale kwenye benchi alikuwa anawaza nini. Asipojibu mara moja, nyamaza, umngoje.