Maswali na majibu: Michael Lonsdale, mwigizaji ambaye hakuwa steringi

Lonsdale alikuwa Mwingereza au Mfaransa?

Naomba swali hili lisirudi tena. Alikuwa Mfaransa, aliyezaliwa Paris mwaka 1931 na mama Mfaransa na baba Mwingereza, akalelewa kwa kiasi London na Moroko, na akafariki Paris mwaka 2020. Kiingereza mnachokisikia katika filamu zake ni sauti yake mwenyewe.

Kwa nini hakuwahi kuwa steringi, ilhali kipaji alikuwa nacho?

Anayeuliza hivi anadhani kwamba kila mwigizaji yuko safarini kuelekea usteringi na kwamba asiyefika ameshindwa, na dhana hiyo ndiyo inayotunyima kuona kazi nzuri iliyo mbele ya macho yetu. Katika The Day of the Jackal ya 1973, ambamo muuaji wa kukodiwa anamwinda Rais de Gaulle, Lonsdale ni mpelelezi Lebel, mtu mwenye sura ya karani aliyekesha, naye anamfuatia adui kwa simu, majalada na subira. Katika Moonraker ya 1979 ni Hugo Drax, anayetaka kuwaangamiza binadamu wote duniani, lakini hata anapoamuru James Bond adhuriwe hapandishi sauti. Hata hivyo, wanaomjua kwa Drax peke yake wamtafute katika Baisers volés ya mwaka 1968, ambamo ni mwenye duka la viatu anayewaendea wapelelezi binafsi wamtafutie sababu ya watu kutompenda. Huzuni hiyo anaieleza kwa utulivu wa mfanyabiashara anayetoa taarifa ya mali iliyopotea, na mtazamaji ndiye anayeachiwa uchungu wote.

Nilitazama Des hommes et des dieux iliyosimuliwa kwa Kiswahili, nikaiona imepooza. Nimekosea wapi?

Umetazama filamu ambayo sauti zake zimefunikwa. Filamu hiyo ya mwaka 2010 inahusu watawa wa Tibhirine, Aljeria, waliotekwa mwaka 1996 na kupoteza maisha, na Lonsdale ni Luc, mtawa tabibu. Msichana wa kijijini, wakiwa wameketi pamoja, anamuuliza kama aliwahi kupenda; mzee anamjibu kwamba alipenda mara kadhaa, kisha akakutana na pendo kubwa zaidi, akaliitikia. Uzito wote umo katika pumzi na vituo vya sauti ile, na msimuliaji anayejaza kila kimya kwa maneno yake anakuibia jambo ambalo hutajua kwamba umelikosa. Itafute yenye maandishi chini.

Aliwahi kupata tuzo?

Ndiyo, César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, ya mwigizaji msaidizi bora, mwaka 2011, kwa nafasi hiyo ya Luc.

Na televisheni?

Tazama Smiley's People, tamthilia ya BBC ya mwaka 1982. Lonsdale ni Grigoriev, mwanadiplomasia wa Kisovieti mjini Bern, anayebanwa na jasusi Mwingereza Smiley, anayeigizwa na Alec Guinness. Anatetea heshima yake kwa hasira ilhali ameshanaswa, na hasira hiyo inamwishia kidogo kidogo usoni.