Shipman: ilikuwaje asishtukiwe?
Mkuu, umeuliza Harold Shipman aliwezaje kuua wagonjwa miaka yote ile bila kushtukiwa. Ni hivi: aliua yeye, na cheti cha kifo akasaini yeye huyo huyo. Alikuwa daktari wa mtaa pale Hyde, karibu na Manchester, na watu walimpenda kwelikweli. Bibi anakutwa kitini kwake, kavaa vizuri kama aliyesinzia. Nani angewaza sindano ya diamofini, yaani heroini inayotumika hospitalini kutuliza maumivu makali?

Kilichomponza ni tamaa. Mwaka 1998 alighushi wosia wa Kathleen Grundy, mgonjwa aliyemuua na meya wa zamani, tena kwa taipureta yake mwenyewe (hapo huwa nachoka kabisa), na binti wa marehemu ni mwanasheria, akaushtukia. Kaburi likafukuliwa, dawa ikakutwa mwilini. Januari 2000 akatiwa hatiani kwa mauaji 15. Uchunguzi wa Jaji Janet Smith baadaye ukahesabu waliouawa 215.

Athari? Usimamizi wa dawa za aina hiyo ulikazwa. Ila cheti cha kifo kupitiwa na daktari mwingine, asiyemtibu marehemu, kulikuja kuwa sheria England na Wales Septemba 2024 tu. Shipman mwenyewe alishajinyonga gerezani tangu 2004.