Al-Azhar ni msikiti au chuo?

SWALI: Assalaam aleikum Maalim. Binti yangu amepata nafasi ya kusoma Al-Azhar, Misri. Jirani yetu anashikilia kuwa ule ni msikiti tu, chuo hakuna. Nani mkweli?
Mama wa watatu, Tanga

JIBU: Waaleikumu salaam, mama, na hongera kwa binti. Jirani yako kachelewa miaka elfu na kitu. Msikiti ulifunguliwa mwaka 972, Wafatimi, watawala wa Misri zama hizo, walipokuwa wakiujenga mji wa Kairo, na mwaka 975 kadhi Ali bin Nuuman alikaa humo akasomesha fikihi ya Kishia. Naam, Kishia! Salahuddin, mtawala wa Kisunni, alipoushika mji aliisimamisha hotuba ya Ijumaa pale, isirudi hadi 1266, zama za Sultani Baibars. Tangu hapo ni ngome ya Sunni.

Ukiniuliza mimi ni nini kilichoufanya msikiti ule uwe chuo, nitakwambia mkate. Kulikuwa na riwaki, yaani makao ya wanafunzi kwa asili zao: Wamaghribi kwao, Washamu kwao, Waturuki kwao, na watu wa Pembe ya Afrika katika riwaki ya Jabarti. Wakfu za matajiri zilitoa posho ya mikate. Mtoto wa maskini alikula, akalala, akasoma kwa kuketi duara mbele ya shekhe aliyeegemea nguzo yake. Mlango mkubwa mpaka leo unaitwa Mlango wa Vinyozi, maana hapo ndipo wanafunzi waliponyolewa vichwa.

Wenyeji nao waliukimbilia wakizidiwa. Oktoba 1798 walipowainukia Wafaransa wa Napoleon, walijikusanya humo. Mizinga ikaupiga, askari wakaingia na farasi. Mwaka 1919, katika kumpinga Mwingereza, kasisi wa Kikopti, yaani wa Wakristo wa Misri, Padri Sergius, alipanda mimbari ya Azhar akahutubia. Nawaomba wanaopenda kugombanisha watu kwa dini walisome hilo mara mbili.

Sheria ya 1961 iliongeza udaktari, uhandisi na kitivo cha wasichana. Kwa hiyo madarasa ya binti yako yatakuwa Madinat Nasr, mtaa wa Kairo ulio mbali na msikiti. Lakini darsa za bure msikitini zingalipo, na Ramadhani wanafunzi wa kigeni hufuturishwa uani. Ahudhurie. Na mnunulie sweta nzito kabla hajaondoka, Januari ya Kairo si ya Tanga.